Shemeji wa Kwenye Karatasi

Mitsuyo Nomoto hakuanza kuchora kwa kupenda kuchora. Alianza kwa gere. Dada yake Fumie, aliyemtangulia kwa miaka miwili, alikuwa mzuri wa kutazamwa mara mbili, na pale shuleni kwao Sabae, mji wa mafundi wa miwani huko Japani, haikupita wiki bila mvulana kumtumbukizia barua kwenye kishubaka cha viatu. Fumie alizileta barua hizo nyumbani, akaingiza miguu chini ya blanketi la meza yenye moto chini yake, kisha akazisoma kwa sauti huku akiwaigiza wenyewe, huyu sauti nzito, huyu ya puani. Mama yao, aliyekuwa akifunga bawaba za miwani upande wa pili wa chumba, alicheka mpaka koleo likamtoka mkononi.

"Sikiliza hii, Mitsu! 'Nikikuona unafagia ua, na moyo wangu unafagiliwa.' Jamani, huyu mzima kweli?"

Mitsuyo alicheka nao, ila kicheko chake kiliishia mdomoni. Kishubaka chake yeye kilikuwa na viatu tu. Basi alikuwa akiyakariri maneno ya barua zile, anaingia chumbani kwake, na kwenye migongo ya karatasi za kufungia fremu anamchora msichana anayeandikiwa hivyo. Msichana huyo hakufanana na Fumie hata kidogo.

Nyumba ya jirani alikaa mzee aliyekuwa fundi wa kung'arisha fremu, na mzee huyo alikuwa na mpwa wake, Teruhiko, rika la Fumie. Kila siku akitoka shule Teruhiko alikuja na baiskeli kuchukua fremu zilizokwisha tiwa bawaba. Alikuwa na kovu kwenye nyusi ya kushoto, mahali alipowahi kurukiwa na kipande cha chuma, na akifikiri jambo hujikuna nyuma ya sikio kwa kidole gumba. Siku moja, akingoja mama afunge kifurushi, akachungulia begani kwa Mitsuyo.

"Mitsu, huyu mvulana wako mbona hana shingo? Kichwa kimekaa begani kama bundi."

"Shingo ngumu kuchora."

"Si uchore yangu. Ninayo hapa, haina kazi."

Basi majira yale ya baridi, mwaka Mitsuyo alipokuwa na miaka kumi na tano, Teruhiko alikuwa akisimama uani na baiskeli yake, theluji inamtua mabegani, naye Mitsuyo anamchora kupitia dirishani. Alimchora shingo, alimchora mikono, alimchora kovu. Aliona kwamba Teruhiko husimama siku zote ameuelekeza uso juu kidogo, akadhani anampa upande wake mzuri.

Na siku moja, mvua ya theluji inanyesha ubavu, Teruhiko alimkuta njiani anatoka shule amekumbatia michoro yake. Akashuka kwenye baiskeli, akamnyang'anya karatasi zote, akazitia ndani ya koti lake na kulifunga vifungo mpaka kooni. Akamtembeza hivyo hadi nyumbani, mkono mmoja kwenye baiskeli, mwingine kifuani. Alipomrudishia karatasi zile zilikuwa na joto. Mitsuyo alizitia kwenye bahasha na hakuchora tena juu yake.

Siku kumi baadaye Teruhiko akampa bahasha nyingine.

"Mitsu, nina ombi. Usinicheke."

"Sicheki."

"Mpe dada yako."

Hapo ndipo Mitsuyo alipokumbuka kwamba dirisha la chumba cha Fumie liko juu ya lile la kwake.

Aliiweka barua siku tatu ndani ya kamusi ya shule. Siku ya nne akaitoa. Fumie aliifungua palepale mezani, na Mitsuyo akaketi mbele yake akingoja isomwe kwa sauti. Safari hii akiomba isomwe, aisikie sauti ya Teruhiko ikiigizwa puani, acheke, aokoke. Fumie hakusoma kwa sauti. Alisoma kimya, akairudisha barua kwenye mikunjo yake ileile, akasimama, akapanda juu.

"Leo hatusomewi?" mama akauliza.

Huko juu ulisikika mlango ukifungwa.

Mitsuyo alikuwa na miaka kumi na saba alipotuma vibonzo vyake vya kwanza kwenye shindano la gazeti moja la wasichana la kila mwezi, la Tokyo. Akapata neno la kutiwa moyo, basi. Mwaka uliofuata akatuma tena, akapata nafasi ya tatu, na pamoja na cheti ikaja barua ya mhariri aliyeitwa Bwana Orito. Aliandika kwamba wasichana wa Mitsuyo wana macho makubwa kama wa kila mtu, na maua yake ni ya kila mtu, lakini mvulana wake hakuwahi kumwona popote. "Huyu mvulana umemtoa wapi? Popote ulipomtoa, usimrudishe."

Hakumrudisha. Alipofika miaka kumi na tisa alihamia Tokyo, chumba cha ukubwa wa mikeka minne na nusu karibu na bafu la mtaa, akanunua kalamu za kuchovya na wino, akaanza kazi. Hadithi fupi ya kwanza mvulana aliitwa Akito. Ya pili Shunpei. Majina yalibadilika, nyusi ile yenye kovu haikubadilika, wala kidole gumba nyuma ya sikio. Kila mwezi gazeti lilikuwa na kadi nyuma yake, wasomaji wanaandika hadithi tatu walizozipenda na kuirudisha kwa posta. Orito alikuwa akizipanga mafungu mafungu mezani kwake. Fungu la Mitsuyo likaanza kunenepa.

Fumie na Teruhiko walioana mwaka wa sabini na mbili. Kwa kuwa nyumba ya kina Nomoto haikuwa na mtoto wa kiume, bwana harusi aliingia kwao, akachukua jina lao. Yaani Teruhiko alihamia kwenye nyumba aliyokulia Mitsuyo, akawa analala kwenye chumba chenye lile dirisha la juu, anakula kwa bakuli lililokaa rafu moja na la Mitsuyo. Mitsuyo alifika harusini sherehe imekwisha anza, akasingizia kazi ya gazeti. Kazi aliimaliza tangu juzi yake. Alikuwa amekaa stesheni ya Maibara, ameacha treni mbili zikapita.

"Shemeji!" Teruhiko akamwita alipomwona mlangoni, na neno lile likamwingia kama mwiba wa samaki. Mpaka jana yake alikuwa akimwita Mitsu. "Njoo ule. Dada yako hali, kafungwa mkanda, anasema akipiga chafya atapasuka."

Fumie ndani ya vazi la harusi alicheka bila kutikisa kichwa. Alikuwa mzuri mno. Mitsuyo alimtazama kama mchoraji, akatafuta kosa, akakosa.

Miaka miwili baadaye akaanza hadithi ndefu iliyomtia kwenye midomo ya wasichana wa nchi nzima. Mji mdogo wenye theluji. Msichana mkimya anayechora. Mvulana wa baiskeli, aliyerudishiwa jina la Akito. Na dada mkubwa wa msichana, mzuri wa sura na mwovu wa roho, jina lake Reika, anayesoma barua za wavulana kwa sauti ili awacheke. Katika toleo la nne mvulana anazitia karatasi za msichana ndani ya koti lake. Kadi zikamiminika. Wasomaji walitaka kujua Akito atamchagua nani, na juu ya Reika waliandika mambo ya kutisha, binti mmoja wa Akita akapendekeza agongwe na treni ya mizigo.

"Mwalimu Nomoto, huyu Reika ni dhahabu," Orito akasema, kwani huko mchoraji wa vibonzo naye huitwa mwalimu. "Mwovu wa kuchukiwa hivi hatujapata miaka. Mwongezee."

Akamwongezea.

Kila mwaka mpya Mitsuyo alirudi Sabae, na kila mwaka mpya alirudi Tokyo na kitu. Mwaka mmoja ilikuwa kaa. Walikuwa wamekaa mezani, Teruhiko anaongea na baba mkwe wake habari za mashine mpya ya kukatia, na huku akiongea mikono yake inavunja miguu ya kaa, inachomoa nyama ndefu nzima nzima na kuiweka kwenye sahani ya Fumie. Hakumtazama Fumie hata mara moja. Fumie naye hakushukuru. Alikula tu, kama mtu anayevuta hewa. Mitsuyo alivunja wa kwake mwenyewe, nyama ikatoka vipande vipande, na roho ikamuuma mpaka hakusikia ladha. Mwezi wa tatu Akito alimmenyea kaa msichana anayechora, kurasa mbili nzima, na gazeti likaisha madukani.

Ndivyo alivyoishi. Dada yake alikuwa na mume mwenye soksi zilizotoboka na mafua ya kila Novemba. Yeye Mitsuyo alikuwa na Teruhiko wa kwenye karatasi, wa miaka kumi na saba daima, na mvua haikumnyeshea ila pale alipotaka yeye. Orito, ambaye alimtakia mema, alimtafutia mchumba, fundi saa mpole wa Ueno. Wakala pamoja samaki mkunga wa kuchoma. Kesho yake Orito akauliza:

"Kosa lake nini, Mwalimu?"

"Hana kosa."

"Basi?"

"Basi ndiyo hivyo, hana."

Sabae si mji mkubwa. Watu walisoma, na watu wana macho. Wasichana wa shule walikuwa wakipita mbele ya karakana ya kina Nomoto wakitembea taratibu, wanyooshe shingo wamwone Teruhiko, kisha wanakimbia wakicheka. Na Fumie akienda kununua samaki anasikia nyuma yake, "Ndiye huyo. Ndiye Reika." Mara moja alikuta neno hilo limeandikwa kwa kidole kwenye vumbi la gari lao. Teruhiko yeye aliona ni mzaha mtupu. "Shemeji, umenipandisha chati," alimwambia Mitsuyo kwenye simu. "Juzi kuna mabinti wametoka Kyoto kuja kuniangalia. Wameniona ninavyofanana na kiazi, wamerudi na treni iliyofuata." Fumie hakusema kitu. Hakusema mwaka ule, wala uliofuata. Mitsuyo alikichukulia kimya kile kuwa ni dharau ya mshindi, na wivu wake ukapata kuni mpya.

Mambo yalianza kumgeuka katikati ya miaka ya themanini. Akaja msichana mmoja wa Nagoya, Ritsuko Amagai, miaka ishirini na moja, ambaye wavulana wake walikuwa wanalia na wasichana wake ndio wanaoendesha baiskeli. Fungu la kadi za Amagai lilipita la Mitsuyo kwa toleo moja, kisha kwa matoleo yote. Mitsuyo alikuwa anainunua hadithi ya Amagai dukani kama mgeni, ingawa ilikuwa gazeti lilelile alilotumiwa bure, ili asome nakala asiyoionea aibu kuikunjakunja. Alitafuta kosa. Mikono, alijisemea, hajui kuchora mikono. Orito akamwambia kwa upole kwamba labda sasa ni wakati wa mvulana mwingine. Mitsuyo akajibu kwamba hana mwingine.

Katika hali hiyo ndipo alipokwenda Sabae vuli ya mwaka wa themanini na tisa, kwenye kisomo cha kumbukumbu ya mama yao. Yeye alikuwa na miaka thelathini na minane. Mtawa alisoma, ubani ukafukizwa, wajomba wakavuliwa makoti, chakula cha mchana kikaanza kuandaliwa. Teruhiko alikuwa ukumbini anawamiminia wajomba sake, paji la uso limepanda mpaka utosini. Fumie alifuta mikono kwenye aproni akamwambia mdogo wake:

"Njoo juu mara moja."

Alimpeleka kwenye kile chumba cha dirisha la juu, akafungua kabati la magodoro. Upande wa chini hapakuwa na magodoro. Palikuwa na magazeti, yamepangwa kwa miezi, miaka kumi na mitano. Mitsuyo hakujua kwamba dada yake amewahi kusoma hata moja.

"Umeyaweka yote?"

"Kaa chini."

Fumie akachomoa moja, akalifungua kwenye ukurasa uliokunjwa pembe. Kando ya picha palikuwa na alama ya penseli. Akafungua lingine, na lingine. Kote palikuwa na alama. Duara, msalaba, na alama ya kuuliza.

"Mtu anadhani nimekasirika kwa kuwa umenifanya mimi ndiye shetani," Fumie akasema. Sauti yake ilikuwa ya kawaida, kama anaongea habari za mchele. "Nilikasirika, sikatai. Mwaka mmoja, miwili. Halafu yakaisha, shetani nimemzoea, hata mwenye samaki ananipunguzia bei kwa ajili yake. Si hilo. Ona. Hapa nimetia duara, kwa sababu hii ni yangu. Kaa, yangu. Soksi, yangu. Hii ya kubeba mwavuli uliovunjika, yangu, sijui ulijuaje. Msalaba ni uongo wako, maana Teru hawezi kusema sentensi ndefu hivi hata ukimlipa, na nywele za Reika si zangu hata kidogo. Sasa hizi." Akaweka kidole kwenye alama ya kuuliza. "Hizi mimi sizijui. Hili la kutia karatasi kwenye koti. Mimi hajanitilia kitu chochote kwenye koti. Lilitokea?"

Mitsuyo alilivuta gazeti lile karibu. Alichohisi hakikuwa woga. Miaka ishirini na tatu alikuwa amemwonea dada yake kijicho, na muda wote huo, kumbe, dada yake alikuwa amepiga magoti mbele ya kabati na penseli mkononi, anamwonea kijicho yeye.

"Lilitokea," akasema.

Fumie akaitikia kwa kichwa polepole. "Nilijua. Hili nilijua." Akafungua gazeti la mwisho, la chini kabisa. Alama ya kuuliza ilikuwa imekolezwa mpaka karatasi imetoboka. Daraja la Mto Hino, theluji; mvulana anamvua msichana glavu, anampulizia vidole vyenye wino kimoja kimoja, kisha anambusu. "Na hili?"

Hilo Mitsuyo alilitunga siku moja asubuhi akila mkate. Hapakuwa na daraja, hapakuwa na glavu. Neno la kweli la kusema lilikuwa moja tu, na lilikuwa fupi.

"Na hilo."

"Kabla ya kunipa barua yangu, au baada?"

Mitsuyo alimtazama dada yake usoni. Alikuwa bado mzuri.

"Baada," akasema.

Fumie alilifunga gazeti, akalirudisha mahali pake, akafunga kabati. Akashuka chini akawahudumia watu kumi na wanne tambi baridi za soba na figili ya kusaga, bakuli baada ya bakuli, asimwage tone la mchuzi. Alipofika kwa Mitsuyo alimwekea bakuli na kumwambia, "Kula, mdogo wangu." Mitsuyo alikula. Alijisikia ameshiba kabla ya kuanza, na njiani kurudi Tokyo shibe ile ikageuka kuwa kitu kingine, maana maji yakimwagika hayazoleki, naye aliyamwaga kwa makusudi.

Siku ya nne asubuhi simu ililia.

"Shemeji, ni mimi."

Teruhiko hakuwahi kumpigia yeye mwenyewe. Siku zote Fumie ndiye aliyepiga, kisha akampa simu mumewe atie mzaha.

"Kuna nini?"

"Dada yako kaondoka tangu jana. Kapika wali, kawapikia watoto vya kubeba shuleni, kaacha karatasi juu ya sufuria. Mstari mmoja. 'Muulize Mitsuyo.' Sasa mimi nakuuliza."

Alikuwa anapumua kwa nguvu kwenye simu, na Mitsuyo, Mungu amsamehe, aliusikiliza mpumuo ule kwa furaha kabla hajaona haya.

"Nakuja," akasema.

Alivaa gauni lake la kijivu, lile zuri. Alitengeneza nywele. Ndani ya treni alijiambia kwamba anakwenda kusema kweli, na alijua kabisa kwamba anakwenda kwenye nyumba ambayo Teruhiko yumo na Fumie hayumo. Alipobadilisha treni Maibara alijitazama kwenye kioo cha dirisha.

Teruhiko alimfungulia mlango amevaa aproni ya mkewe. Nyumba nzima ilinuka samaki aliyeungua. Wanawe wawili walikuwa shuleni, na mezani kulikuwa na vyombo vya siku mbili.

"Afadhali umefika. Wewe unajua miso ya supu anaiweka wapi? Nimetafuta kila mahali. Fumie anajua. Halafu kuna mtu wa gesi kaja anataka muhuri wa nyumba, nao sijui uko wapi, Fumie ndiye anayejua. Na mtoto mdogo kaniuliza ile dawa yake ya kikohozi, nikamwambia mngoje mama yako. Wewe Mitsuyo, dada yako kaenda wapi? Kala? Koti lake la baridi liko hapa limetundikwa."

Mitsuyo alisimama pale kizingitini na gauni lake. Katika kila sentensi lilikuwamo jina la Fumie, kama chumvi ndani ya mchuzi. Mtu huyu hakuwa mpweke kwa namna ambayo mtu mwingine angeweza kumwondolea. Alikuwa kama nyumba iliyokatiwa umeme.

Basi akamwambia yote, palepale, bila kuvua viatu. Habari ya daraja, kwamba ni uongo. Habari ya "baada", kwamba ni uongo mbaya zaidi. Teruhiko alijikuna nyuma ya sikio.

"Nikubusu wewe? Darajani?" Hakukasirika kwanza, alishangaa kama aliyeambiwa amewahi kwenda mwezini. Kisha akakasirika. "Mtu mzima wewe. Unamfanyia hivyo dada yako, siku ya kisomo cha mama yako?"

"Nisamehe, shemeji."

"Mimi unaniomba msamaha wa nini?"

"Lakini lile la koti nilisema kweli," akasema Mitsuyo, na sauti ikamtoka ndogo, ya kisichana. "Uliziweka karatasi zangu ndani ya koti. Mvua ya theluji ilikuwa inanyesha. Ukanisindikiza mpaka hapa."

Teruhiko alimtazama. Alikuwa anatafuta kweli, ilionekana, alijikuna tena.

"Karatasi gani?"

"Za michoro."

"Mwaka ule wa barua? Kwani wakati ule ulikuwa umeshaanza kuchora?"

Mitsuyo alishika nguzo ya mlango. Akauliza kwa upole kama shangazi yao bado anakaa Tsuruga, Teruhiko akasema ndiyo, na akili ikamjia hapohapo. "Yuko huko! Mjinga mimi, yuko huko!" Akaanza kutafuta funguo za gari. Mitsuyo akamwambia amwache yeye atangulie kwa treni, maana mdomo uliotia sumu ndio uiteme.

Alimkuta Fumie kwenye baraza ya shangazi, anachambua maharagwe. Hakuinua uso.

"Umekuja kunichora?"

"La darajani nilikudanganya. Halikutokea. Hakuna kilichotokea baada ya barua. Wala kabla."

Maharagwe yaliendelea kuanguka kwenye bakuli, moja, jingine.

"Kwa nini ulisema?"

"Kwa sababu ulikuwa unanionea wivu. Hakuna aliyewahi kunionea wivu. Nikataka uendelee."

Hapo Fumie aliinua uso. "Na la koti?"

"Hilo kweli. Naapa. Lakini yeye hakumbuki. Nimemuuliza leo. Hakumbuki koti, hakumbuki karatasi. Hakumbuki kama nilikuwa nachora."

"Hakumbuki?"

"Hakumbuki."

Fumie alianza kucheka. Alicheka kama zamani alipokuwa akisoma barua, mpaka shangazi akachungulia kutoka jikoni. Kisha akafuta macho kwa mgongo wa mkono, akamtazama mdogo wake aliyesimama na gauni la kijivu, akaona jinsi nywele zilivyotengenezwa, akaelewa na hilo pia.

"Pole, mdogo wangu," akasema.

Katika maneno yote ambayo Fumie amewahi kumwambia, hilo ndilo Mitsuyo hakulisahau. Angetukanwa, angeweza kuchukia. Alipewa pole, akaipokea mikono mitupu.

Fumie alirudi nyumbani jioni ileile ndani ya gari la mumewe, kiti cha mbele. Kwa mdogo wake hakurudi upesi hivyo. Miaka miwili hapakuja kadi ya mwaka mpya. Mitsuyo aliituma yake, ikawa kama kutupa jiwe kisimani bila kusikia maji.

Gazetini mambo yake yaliporomoka. Alijaribu mvulana mwingine, asiye na kovu, na wasomaji wakaandika kwamba anaonekana kama tangazo la dawa ya meno. Mwishowe akamwambia Orito, aliyekuwa karibu kustaafu, kwamba anataka kuandika habari za Reika. Si Reika mwovu: Reika mwenyewe, aliyepata barua nyingi asizozitaka na moja aliyoitaka, na ambaye mdogo wake alikuwa akimtazama kila siku kwa jicho ambalo yeye hakulielewa. Orito alijikuna kidevu. Akampa miezi minane.

Hadithi ile haikupendwa. Kadi zilikuwa chache, na nyingi zililalamika: Reika alikuwa bora alipokuwa shetani. Lakini mwezi wa sita Orito alimsogezea kadi moja yenye muhuri wa posta ya Sabae, na mwandiko Mitsuyo aliutambua kabla ya kusoma. Umri wa msomaji: arobaini na mbili. Hadithi ya kwanza: ya Amagai. Ya pili: ya yule kijana anayechora paka. Ya tatu: Nomoto. Na kwenye nafasi ya maoni: "Nywele za Reika sasa zimekuwa sawa."

Mitsuyo alikwenda moja kwa moja kwenye simu ya ofisini.

"Wa tatu?" akasema, hata salamu hakutoa. "Nyuma ya paka?"

"Yule paka ana hadithi," Fumie akajibu. "Wewe unakuja mwaka mpya au huji? Niagize kaa wangapi?"

Baada ya hapo Mitsuyo hakuandika tena hadithi ndefu. Alifundisha kuchora kwenye chuo kimoja cha Tokyo kwa miaka kumi na saba, akajulikana kwa ukali wake juu ya shingo na mikono, na wanafunzi wake wawili watatu wakampita, naye roho ikamuuma kwa kila mmoja, akawatumia maua kwa kila mmoja. Orito alipofariki, Mitsuyo ndiye aliyesoma risala ya maziko. Amagai alikuwapo pia, amenenepa, na walipopeana mikono Mitsuyo aliuangalia mkono wake kwa makini.

Alipofika miaka sitini na miwili aliuza alivyoweza kuuza, akarudi Sabae, akapanga nyumba mtaa wa pili kutoka kwa dada yake. Teruhiko bado anakaa karakanani asubuhi, ingawa siku hizi kazi kubwa wanafanya vijana wake. Anawarekebishia miwani majirani, anakaza skrubu, ananyoosha miguu iliyopinda. Miwani ya Mitsuyo ililegea mara tatu katika mwezi wa kwanza. Mara ya tatu Teruhiko alikuwa ameishika kwenye mwanga, anajikuna nyuma ya sikio, na Mitsuyo ameketi mbele yake macho matupu, haoni vizuri, anatabasamu, Fumie alipotoka jikoni anafuta mikono.

"Imelegea tena?"

"Imelegea," Mitsuyo akasema.

"Ajabu. Miwani ya mji mzima haijalegea ila yako." Akavuta kiti, akakaa kati yao, akamtoa mumewe bisibisi mkononi. "Teru, chai yako inapoa. Nenda. Na wewe geuka huku, Mitsu. Kuanzia leo ya kwako nitaikaza mimi."

Akaikaza sana.